Mume amefunga mashine kwa ajili ya zuhudi (kuipa dunia kisogo): je, nikidai matumizi nakosa?

SWALI: Shekhe, assalaam alaykum. Niko Kondoa. Mume wangu alikuwa anakamua alizeti. Tangu azike kaka yake amefunga mashine, anashinda msikitini, anasema dunia ni mzoga na wanaoitaka ni mbwa. Tuna watoto wanne, dukani hatukopeshwi tena. Pesa za msimu ziko kwenye simu yake na anataka kuzitoa zote sadaka. Nikidai matumizi, ananiambia napenda dunia. Je, naweza kuchukua bila kumwambia?

JIBU: Waalaykumu salaam, binti yangu. Hukosi. Chukua kinachokutosha wewe na wanao, kwa wema, usizidishe. Ndivyo Mtume (s.a.w.) alivyomjibu Hind bint Utba aliposhtaki ubahili wa mumewe, Abu Sufyan. Wallahu aalam.

Lakini siwezi kuishia hapo. Katika sehemu ya barua yako ambayo haikuchapwa hapa, umeandika kwamba mashudu yameota ukungu ndani ya mashine, na kitinda mimba anauliza mbona baba hanukii mafuta siku hizi. Limeniuma.

Hayo ya mzoga na mbwa hayakuthibiti kwa Mtume, ingawa watu huyapandisha mimbarini kama Hadithi. Kilichopokewa kwake ni kwamba yamtosha mtu dhambi kuwatelekeza anaowalisha. Wenye fikra kama ya mumeo watasema Abu Bakr alitoa mali yake yote wakati wa msafara wa vita wa Tabuk. Ni kweli. Ila Abu Bakr alikuwa mfanyabiashara, na hata alipopewa ukhalifa alitoka asubuhi kwenda sokoni na nguo zake begani. Na swahaba Saad bin Abi Waqqas, alipougua akataka kutoa mali yake yote, Mtume alimkomesha kwenye theluthi, akamwambia kuwaacha warithi na uwezo ni bora kuliko kuwaacha wakiomba watu. Mbona hili hawalisemi?

Imam Ahmad bin Hanbal aliulizwa: mwenye dinari 1000 aweza kuwa zahidi, yaani mtu wa zuhudi? Akasema ndiyo, ikiwa hafurahi zikiongezeka wala hahuzuniki zikipungua. Basi zuhudi ni ya moyo. Mashine haina kosa.

Usimwite mvivu, binti yangu. Naona huyu ana msiba ambao haujatoka kifuani. Swahaba Salman alipomkuta swahaba mwenzake Abu Dardaa amemsahau mkewe kwa ibada, hakumkaripia mbele ya watu. Alikuwa mgeni wake, akakataa kula mpaka wale pamoja, wakalala, wakaamka wote kuswali usiku, ndipo akamwambia: mkeo ana haki juu yako. Mtafute anayemheshimu, awe mjomba au imamu wenu, aje alale hapo kwenu. Wakishaswali alfajiri, waende wote wawili wakaisafishe ile mashine.