Usinunue darubini kwanza, tafuta giza

Mimi nachaji betri za taa za wavuvi pale Kibirizi, mwalo wa Kigoma, Ziwa Tanganyika. Mchana betri zinaingia, jioni zinatoka, na usiku ukikolea ziwa la mbele yetu linawaka kama mji. Mgeni anayeingia Kigoma usiku hudhani anaona taa za Kongo. Si Kongo, ni dagaa wanavuliwa. Nalisema hili mapema ili ujue kwamba anayekushauri habari za nyota ndiye huyohuyo anayeziharibia giza lake.

Nyota nilizianza kwa hasara. Niliagiza darubini kwa muuzaji mmoja, boksi limeandikwa inakuza mara 675, pembeni pana picha ya galaksi, yaani kundi kubwa mno la nyota, ya zambarau na waridi. Miguu yake mitatu ilikuwa inatetemeka kama kuku aliyenyeshewa. Nikiweka ukuzaji mkubwa, nyota ilikuwa tope jeupe linalocheza. Baadaye ndipo nikaijua hesabu yenyewe: kila milimita moja ya upana wa lenzi hubeba ukuzaji wa mara 2 hivi, usitegemee zaidi. Lenzi yangu ilikuwa ya milimita 50, kwa hiyo mwisho wake ni mara 100. Hizo nyingine zilikuwa za boksi.

Kama hela inakuwasha mfukoni, tafuta darubini ya macho mawili iliyoandikwa 7x50 au 10x50, hata ya mtumba. Namba ya kwanza ni ukuzaji, ya pili ni upana wa lenzi kwa milimita. Lakini hata hiyo iache mwezi mmoja. Anza na macho.

Giza lina kalenda, na wavuvi wameshatupangia. Mbalamwezi wanapumzika, kwa sababu mwezi ukiwaka dagaa hawaijali taa. Giza likirudi wanaingia ziwani. Usiku wao ndio usiku wetu, na hapo ndipo tunapogombana. Kwa hiyo usikae mwaloni. Tafuta mahali ambapo kilima au nyumba inakukinga na taa za ziwa. Mimi napanda nyuma ya nyumba ya shemeji yangu, ziwa naliacha nyuma ya ukuta. Kisha unakaa dakika 20, hata 30, bila kuona mwanga wowote, ndipo jicho linafunguka sawasawa. Simu iache ndani. Ukiichungulia mara moja tu, unaanza kuhesabu upya. Tochi yangu nimeifunga mfuko wa plastiki mwekundu, maana mwanga mwekundu hauliumizi jicho lililozoea giza.

Miezi mizuri huku kwetu ni Juni na Julai. Agosti ikishaingia, moshi wa moto wa nyika unalifunika anga.

Sasa fanya hivi. Katikati ya Juni, saa 3 usiku, tazama kusini. Utaiona Salibu, ule msalaba wa nyota nne. Kushoto kwake zipo nyota mbili kali zinazofuatana. Shika ile iliyo karibu na msalaba, panda juu hadi kwenye nyota hafifu zaidi, kisha endelea mbele kwa umbali uleule. Pale pana kitu kama nyota iliyopakwa mafuta. Hiyo ni Omega Centauri, nyota kama milioni 10 zimeviringana pamoja, umbali wa miaka ya nuru kama 17,000, yaani nuru yake husafiri miaka hiyo yote ndipo ikufikie.

Usipoiona, usiikodolee. Tazama pembeni yake kidogo. Sehemu ya jicho inayohisi mwanga hafifu haiko katikati, iko pembezoni. Ukikaza macho kinapotea, ukijifanya hukitaki kinakuja.

Watu wa kale waliiandika kuwa ni nyota, ndiyo maana ina herufi ya nyota, omega. Mwaka 1677 Edmond Halley, kijana wa miaka 20 tu, alikuwa kisiwa cha Mtakatifu Helena akipima nyota za kusini, akaona kwamba ile si nyota moja, inaonekana kama ukungu. Mwaka 1751 Mfaransa Nicolas Louis de Lacaille akafika Cape Town, na kwenye orodha aliyoitoa baadaye yamo mafungu ya nyota na ukungu, jumla 42, ya anga la kusini. Darubini aliyokuwa anapekulia ilikuwa na lenzi ya upana wa sentimita 1 na kidogo. Ile uliyoiona mtumbani ukaidharau inaishinda mara nyingi.

Hapa ndipo wengi wanapokata tamaa. Wanangoja ile zambarau ya kwenye boksi. Rangi zile hutoka kwenye kamera inayokusanya mwanga kwa dakika nyingi, jicho halina uwezo huo. Wewe utaona ukungu wa kijivu. Hata neno nebula ni Kilatini cha ukungu, basi. Charles Messier kule Paris alikuwa anawinda nyotamkia, na vijiukungu hivi vilikuwa vinampotezea muda, kwa hiyo akaviorodhesha ili asidanganyike tena. Kufikia 1781 alikuwa navyo 103. Leo orodha ile ya vitu vya kukera ndiyo watu wanayoanza nayo. Ndani yake ni namba 45 Kilimia, ambacho wakulima wetu wamekitumia miaka nenda rudi. Namba 31 ni ukungu wa Andromeda: Novemba, saa 4 usiku, upande wa kaskazini, mvua ikiwa imeosha hewa. Al-Sufi wa Uajemi alishaiandika mwaka 964 kama kiwingu kidogo. Mpaka mwanaanga wa Marekani Edwin Hubble alipopata nyota ya kupimia umbali ndani yake, mwaka 1923, ndipo ikajulikana kuwa iko nje kabisa ya galaksi yetu. Nuru unayoiona iliondoka kule miaka milioni 2.5 iliyopita.

Anga bora nililowahi kuona lilikuwa la njaa. Mwaka 2024 ziwa lilifungwa kwa uvuvi kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15. Sikuwa na betri hata moja ya kuchaji, madeni dukani yanapanda, na mbele yetu giza tupu mpaka Kongo. Nilikuwa nakaa mwaloni penyewe, nafurahi kwa aibu. Julai ileile watafiti walitangaza dalili za shimo jeusi, kitu kizito ambacho hata nuru haitoki ndani yake, katikati ya Omega Centauri, lenye uzito wa angalau majua 8,200.

Usiku mmoja alikuja mzee mmoja, mteja wangu, naye hana kazi. Nikamwonyesha njia ya nyota mbili zile. Akaipata kabla sijamaliza kueleza.

"Usiku wavu huutazami, mwanangu," akaniambia. "Unatazama kando yake."

Nikampa darubini ya macho mawili. Ziwa lilipofunguliwa akaniomba akae nayo kidogo mtumbwini, ya kuangalia nyota. Nasikia anaangalia wenzake, nani kapata dagaa. Hunirudishia mbalamwezi.