Jibu: Kufuata njia ya Stanley Ugogo

Ndugu, umeuliza kama kuipita upya njia ya Henry Morton Stanley, msafiri aliyepita huko 1871 akimtafuta Livingstone, kutasaidia kuhifadhi urithi wa Ugogo, nchi ya Wagogo huko Dodoma. Kutasaidia sana, ila msiende kumtafuta Stanley. Mpwapwa, Mvumi na Bihawana zimo kitabuni mwake, na hongo, yaani ushuru wa kupita, anailalamikia mno. Lakini watemi waliotoza misafara doti za vitambaa ndio waliokuwa na maji na chakula katika nchi hii kavu! Upande huo wa watemi waulizeni wazee, na mrekodi kwa Kigogo chenyewe. Someni pia Mathias Mnyampala, Mgogo aliyeandika mila za kwao. Mkikuta tembe, nyumba ya jadi ya Wagogo, bado imesimama, pimeni kuta, pigeni picha paa lake bapa la miti na udongo. Anzeni na hizo, kabla mvua za Desemba hazijaanza.