Maswali na Majibu: Watoto wa Wenyeji Asilia Katika Mahabusu za Australia

Don Dale ni mahali gani? (Msomaji wa Morogoro)

Ilikuwa mahabusu ya watoto mjini Darwin, katika eneo la Northern Territory. Agosti 2014 wavulana walipigwa mabomu ya machozi humo, wengine wakiwa wamefungiwa vyumbani mwao. Baadaye walihamishiwa gereza kuukuu la watu wazima, na jina la Don Dale likahama pamoja nao. Televisheni ya taifa ilipoonyesha video za tukio hilo Julai 2016, Waziri Mkuu Malcolm Turnbull alitangaza tume ya kifalme, yaani tume ya uchunguzi ya ngazi ya juu, siku iliyofuata, nayo Novemba 2017 ikapendekeza mahabusu hiyo ifungwe. Miaka kadhaa baadaye watoto walikuwa wangali humo.

Hao si wezi wanaostahili adhabu? (Wasomaji watatu, kwa maneno karibu yaleyale)

Anayeuliza hivi aanze kwa kuuliza mtoto ameiba nini. Kuanzia mwaka 1997 sheria ya Northern Territory ilimnyima hakimu hiari, kwa kuwa kijana wa miaka 15 au 16 aliyerudia kosa la mali alipaswa kufungwa siku zisizopungua 28. Februari 2000 mvulana wa Kiaborijini (mmoja wa wenyeji asilia wa Australia) wa miaka 15, kutoka kisiwa cha Groote Eylandt, aliyekuwa akitumikia siku hizo 28 kwa kuiba vitu vidogo kama kalamu na rangi, alijiua Don Dale zikiwa zimebaki siku chache atoke. Sheria hiyo ilifutwa kwa watoto mwaka 2001. Sikatai kwamba wako wanaovunja nyumba na kuiba magari, na aliyeibiwa ana haki ya kukasirika. Lakini wenyeji asilia hawafiki hata 1 kati ya vijana 10 wa Australia, nao ni zaidi ya nusu ya watoto walio mahabusu, na katika Northern Territory ni karibu wote. Atakayenieleza kwamba hiyo ni tabia ya kuzaliwa asijisumbue kuniandikia tena.

Mtoto hushtakiwa kuanzia umri gani?

Hutegemea jimbo, na kwingi ni miaka 10. Northern Territory ilipandisha umri huo hadi 12 mwaka 2023, na serikali mpya ikaurudisha 10 mwaka 2024. Tusiwacheke: Tanzania Bara nasi tumebaki na 10, wakati Kenya ilitoka 8 ikafika 12 mwaka 2022. Kamati ya Haki za Mtoto ya Umoja wa Mataifa inashauri usipungue 14.

Kwa nini Umoja wa Mataifa hauendi kukagua?

Ulikwenda. Oktoba 2022 wakaguzi wake wa kuzuia mateso walisitisha ziara baada ya kuzuiwa kuingia vituo kadhaa vya kuzuilia watu katika majimbo ya New South Wales na Queensland, ingawa Australia ilikuwa imeridhia itifaki inayowaruhusu tangu 2017.

Je, tume nyingine itasaidia?

Hapana. Tume ya vifo vya Waaborijini kizuizini ilitoa mapendekezo 339 mwaka 1991, mojawapo likiwa kwamba kifungo kiwe hatua ya mwisho kabisa. Hata hivyo, Desemba 2024 Queensland ilipitisha sheria ya kuwapa watoto adhabu za watu wazima.

Naomba video hizo, na jina la mvulana aliyekufa.

Sikupi. Waaborijini wengi hawataji jina la marehemu wala kuonyesha sura yake, na waliomo kwenye video walikuwa watoto.