Kabla ya Kumbuni Mwanachuoni wa Bahari, Jifunzeni Hesabu Zake

Ndugu zangu mnaoanza kuandika hadithi za kale za pwani, nimetumia miaka sita kuandika maisha ya mtu ambaye hakuwahi kuishi: mwanachuoni wa Malindi wa mwishoni mwa karne ya 15, aliyetaka kuweka katika karatasi moja njia za bahari na nyakati zinazofaa kuzipita. Mtu mwenyewe mnaweza kumbuni mtakavyo, akawa mpole au mkali, mwenye watoto au mpweke. Hesabu zake hazibuniki.

Katika rasimu yangu ya kwanza nilimpandisha juu ya dari usiku, nikamshikisha kamal, yaani kile kibao chenye uzi wa mafundo ambao mpimaji huuma kwa meno, akapima kimo cha Jaa, yaani nyota ya kaskazini, juu ya upeo wa bahari. Niliipenda mno sehemu ile. Nilipomsomea mzee mmoja wa Lamu, aliyekuwa nahodha wa jahazi, alinisikiliza mpaka mwisho kisha akauliza, "Mwanangu, hiyo Jaa ameiona wapi?" Malindi iko digrii tatu kusini mwa ikweta, na kutoka huko Jaa haiwezi kupimwa kwa kibao chochote. Waarabu waliopita bahari hii walijua hivyo, na Jaa ilipokuwa chini mno walipima nyota nyingine, kama zile mbili walizoziita Farqadani. Nilifuta kurasa 11.

Ila kosa hilo lilinipa sura iliyo bora kuliko zote katika kazi yangu. Mwanachuoni wangu, ambaye Jaa ameisoma vitabuni tu, anasafiri kwenda India na kuiona kwa mara ya kwanza akiwa chomboni. Kwamba jambo hilo lingetokea nilikuwa na ushahidi: daftari la safari ya Vasco da Gama linasema kuwa siku chache baada ya kuondoka Malindi, Aprili 1498, mabaharia waliiona tena nyota ya kaskazini ambayo ilikuwa imewapotea kwa muda mrefu.

Nawaomba mkae sana na vipimo vya mabaharia wenyewe, kwa sababu humo ndimo mawazo ya mhusika wenu yalimo. Kimo cha nyota kilipimwa kwa vidole, na duara zima la mbingu lilikuwa na vidole 224, kwa hiyo kidole kimoja ni digrii 1.6 hivi. Masafa yalihesabiwa kwa zam, na zam moja ni mwendo wa saa tatu. Zam nane za kwenda kaskazini moja kwa moja zilihesabiwa kuinua Jaa kwa kidole kimoja. Tazameni maana yake: mtu huyu hakuwa na bahari upande mmoja na wakati upande mwingine, kwani kila alipotaja umbali alikuwa anataja saa. Nilipoelewa hivyo, maneno yake yalianza kuja bila kulazimishwa.

Kalenda nazo zitawatoa jasho. Mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, kwa hiyo Mfunguo Mosi, yaani mwezi unaofuata Ramadhani, wa mwaka huu hauangukii pepo zile zile za Mfunguo Mosi wa miaka kumi ijayo, na hakuna nahodha atakayeng'oa nanga kwa kuufuata. Kwa ibada mhusika wenu atafuata mwezi. Kwa safari atahesabu siku za Nairuzi, mwaka wa jua wenye siku 365, ambao watu wa pwani waliugawa kwa miongo 36 ya siku kumi kumi na siku tano za ziada. Kule Makunduchi, Unguja, mwaka huo bado unakogwa kila Julai. Kumbukeni pia kwamba siku yake inaanza jua linapotua, na usiku wa Ijumaa ni ule unaotangulia mchana wa Ijumaa. Nimeona hadithi nzuri zikiharibika kwa hilo tu.

Fanyeni hesabu za kalenda zote mbili kwa kila tarehe, hata ile mnayodhani haina uzito. Merikebu za Vasco da Gama ziliondoka Malindi tarehe 24 Aprili 1498, na nilipoigeuza tarehe hiyo niliona inaangukia mwanzoni kabisa mwa Ramadhani ya mwaka 903. Sijaona hadithi inayojali kuwa rubani Mwislamu katika safari hiyo angeukuta mwezi mtukufu akiwa katikati ya maji. Kuhusu rubani mwenyewe, jina la Ahmad ibn Majid, mwanamaji mashuhuri wa Kiarabu, hutajwa sana, lakini ushahidi wake ni dhaifu, na sikumjengea mwanachuoni wangu chochote juu yake.

Pepo ndizo zitakazowapangia matukio. Safari ile ya Vasco da Gama ilisukumwa na kusi, upepo wa kutoka kusini, ikafika India kwa siku 26 hivi. Waliporudi waliondoka mwanzoni mwa Oktoba, kabla kaskazi, upepo wa kutoka kaskazini, haijashika, wakakaa baharini karibu miezi mitatu huku mabaharia wengi wakifa kwa kiseyeye. Bahari ni ile ile, na tofauti yote imo katika tarehe ya kung'oa nanga. Mavazi, vyakula na nyumba za mawe mtavipata kwa urahisi, msivitangulize.

Mimi sasa nina karatasi ndefu ukutani, yenye safu za siku ya Nairuzi, siku ya Hijria, upepo, na bamvua (maji makubwa) au maji mafu (maji madogo). Safu ya matukio ni ya mwisho, na siijazi mpaka zile nne ziwe zimekubaliana. Juzi tu mwanachuoni wangu alitakiwa kumkimbia mdai wake kwa chombo kwenda Pate katikati ya kaskazi, upepo ukitoka huko huko anakokwenda; safu ya tatu ilikataa, na sasa anamsubiri mdai huyo mlangoni.