Kesi imesimamishwa, imeahirishwa au imefutwa?

SWALI: Ndugu yangu ameshtakiwa katika Mahakama ya Wilaya hapa Kasulu kwa kuingia kwa jinai katika shamba. Shamba hilohilo lina mgogoro kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Wakili anasema kesi ya jinai imesimamishwa, jirani anasema imeahirishwa, wengine wanasema imefutwa. Tuandike lipi kwenye barua ya kumwombea ruhusa kazini?

JIBU: Ukikosea hapo, mwajiri ataelewa jambo lingine kabisa. Kesi iliyoahirishwa ina tarehe: "imeahirishwa hadi tarehe 14". Iliyosimamishwa haingoji tarehe, inangoja tukio, ndiyo maana kitenzi kinachofuata huja katika hali ya dhamira tegemezi, yaani huishia na -e kama hapa: "imesimamishwa hadi mgogoro wa umiliki uamuliwe". Ni kama mtumishi aliyesimamishwa kazi, jina lake bado limo kwenye orodha ya watumishi. Kesi bado ipo, na masharti ya dhamana yanaendelea mpaka mahakama iseme vinginevyo.

"Imefutwa" ndilo linalopotosha zaidi, kwa sababu mitaani linatumika kwa kila kesi iliyokoma. Uliza nani ameikomesha. Upande wa mashtaka ukiondoa mashtaka kabla mshtakiwa hajaitwa kujitetea, anaachiwa, lakini anaweza kushtakiwa tena kwa kosa lilelile. Wakiyaondoa baada ya kuitwa kujitetea, anaachiwa huru. Kwa hiyo andika "mashtaka yameondolewa na upande wa mashtaka" au "mahakama imemwachia huru", kadiri amri inavyosema. Mwenye shamba naye asiseme "nimefuta kesi": katika Mahakama ya Wilaya anayeshtaki ni Jamhuri, yeye ni mlalamikaji na shahidi.

Zingatieni pia majina ya wahusika. Kwenye jinai ndugu yako ni mshtakiwa, lakini barazani ni mwombaji au mjibu maombi. Katika shauri la kawaida la madai angekuwa mdai au mdaiwa. Kumwita mshtakiwa barazani ni kumpa kosa ambalo baraza halina mamlaka ya kulisikiliza.

Na msiandike "baraza limezuia kesi ya jinai". Amri ya zuio ya baraza huwafunga wahusika wa mgogoro, mathalani wasilime wala kuuza shamba, haimfungi hakimu wa jinai. Anayesimamisha ni mahakama yenyewe inayosikiliza kesi, au mahakama ya juu yake. Sababu yake ina uzito: Mahakama Kuu imekwisha kuamua kwamba kosa la kuingia kwa jinai haliwezi kuthibitishwa pale umiliki wa ardhi unapogombaniwa na haujaamuliwa kwa njia ya madai.

Ombeni nakala ya amri, kisha mwandike hivi: "Shauri la jinai namba fulani limesimamishwa kwa amri ya Mahakama ya Wilaya hadi mgogoro wa umiliki uliopo Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya uamuliwe." Amri ikitaja tarehe tu, bila kutaja mgogoro wa ardhi, basi jirani ndiye aliyepatia: andikeni "limeahirishwa".