Mwulize mzee karatasi yake ya jeshi

Mzee wangu wa tatu tangu nianze kazi ya kuhudumia wazee huku Marekani alipigana Vietnam, ila matibabu alijilipia mwenyewe badala ya kuyaomba idara ya wastaafu wa jeshi. Nilidhani ni ubahili. Siku moja namkata kucha, akasema taratibu, "Walinifukuza kwa sababu ya mwanaume." Nimelelewa Tanga na mama wa kanisani, sikujua niangalie wapi. Nikaendelea na kucha.

Baadaye alinieleza. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, waliofukuzwa hivyo walipewa karatasi ya bluu. Kati ya 1941 na 1945 zilitolewa kama 48,000, si za mashoga tu: askari weusi walipata zaidi ya moja ya tano, ingawa hawakufika hata sehemu moja ya kumi ya jeshi. Mwajiri akiona rangi tu, kazi hupati. Karo ya chuo na mkopo wa nyumba wanavyopewa askari wastaafu, ukanyimwa. Bluu ilikomeshwa 1947. Aibu ikahamia kwenye maandishi ya cheti. Alinionyesha picha ya kaburi la askari mwenzake wa Vietnam, Leonard Matlovich, huko Washington. Limeandikwa kwamba jeshi lilimpa nishani kwa kuua wanaume wawili, likamfukuza kwa kumpenda mmoja.

Basi ndugu mnaofanya kazi hii, mzee akikwepa habari za jeshi, mwulize DD 214, yaani cheti chake cha kuachishwa jeshi, iko wapi. Imepotea? Inaombwa bure kwa fomu SF 180, kumbukumbu ziko St. Louis. Ombeni nakala kamili, maana ile fupi huficha sababu ya kufukuzwa, na sababu ndiyo mnayoihitaji. Ikiwa imepita miaka 15 tangu afukuzwe, ombi la kurekebisha cheti huenda kwa fomu DD 149. Msikae kulisubiri jibu lake: tangu 2021 idara ya wastaafu wa jeshi imewaagiza watumishi wake wasiwanyime huduma waliofukuzwa kwa sababu hiyo pekee, kwa hiyo ombeni na huko.

Lakini mwacheni mwenyewe aamue nani ajue. Mimi niliropoka mbele ya binti yake, nikidhani anajua. Mzee hakunisemesha siku mbili, hata uji alijikorogea.

Siku ya tatu aliniita nilete zile fomu. Kabla ya kutia sahihi akaomba shati lake lenye kola.