Kwa nini Devdas hakumwoa Parvati
Katika riwaya ya Devdas, kijana Devdas hakumwoa mpenzi wake Parvati. Si suala la tabaka la kuzaliwa, wote wawili ni Wabrahmini, tabaka la juu la Wahindu. Wazazi wa Devdas walimkataa Parvati kwa sababu ukoo wake ulikuwa na desturi ya kupokea mahari kwa mabinti, na kwa familia ya mwenye ardhi kama ya Devdas, kule Bengali, India, hiyo ilikuwa sawa na kuuza watoto. Tena walikuwa majirani wa karibu, aibu juu ya aibu. Jambo hili limo kwenye riwaya yenyewe ya Sarat Chandra Chattopadhyay ya 1917. Ila wazee wasibebeshwe lawama zote: Devdas alimwandikia Parvati barua ya kumkana, na aliporudi kumbembeleza, Parvati akamjibu kwa kiburi, na Devdas akamchapa usoni kwa mwanzi wa kuvulia samaki.